Unadai malimbikizo na mwajiri wako ni serikali? Soma hii kwanza kabla hujakimbilia mahakamani

Mwenzetu mmoja, mwalimu wa sekondari, alipewa barua ya kupanda daraja toka TGTS D kwenda E (hizo ni ngazi za mishahara ya walimu), barua ina tarehe kabisa ya kuanza, afu mshahara mpya ukaja kusoma miezi 17 baadaye. Akienda halmashauri anaambiwa subiri, mara sistimu, mara bajeti, mara ofisa utumishi aliyekuwa na faili lake kahama. Akachoka, akafungua mgogoro Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ile tunayoiita CMA. Na akashinda, tukanywa na soda! Mwajiri akaenda Mahakama Kuu, na Mahakama Kuu haikugusa hata shilingi moja ya madai yake, ikasema tu kwamba CMA haikuwa na mamlaka ya kumsikiliza mtumishi wa umma, mwenendo wote ukafutwa. Miaka mitatu imeenda hivo hivo, na njia ambayo alitakiwa apite muda wake ulishapita zamani.

Mimi sio wakili, nilikuwa katibu wa tawi la chama cha wafanyakazi kwa miaka kadhaa na hayo niliyoyaona ndo nayaandika hapa. Nimeona watu wachache sana wakishindwa kwa sababu hawadai kweli. Wengi wanaanguka kwa mlango waliogonga na siku waliyogonga. Kwa hiyo nitaongea sana kuhusu milango na kalenda, hesabu ya hela nitaipitia haraka maana hiyo hata wewe unaiweza.

Haya yote ni ya Tanzania Bara. Zanzibar wana Sheria yao ya Utumishi wa Umma ya 2011, na ukiwa jeshi, polisi au magereza una taratibu zako zingine kabisa, usichukue ya hapa ukaenda nayo kichwa kichwa.

Anza na kujua unadai nini

Usiseme tu "nadai serikali". Kuna madai ya mshahara na kuna madai yasiyo ya mshahara, na yanatembea njia tofauti. Malimbikizo ya kupanda daraja, kuchelewa kuingizwa kwenye pay roli, kubadilishiwa kada ukabaki na mshahara wa zamani, hayo ni ya mshahara, mwajiri anayaingiza kwenye mfumo na yanalipwa kupitia mshahara wako. Uhamisho, nauli ya likizo, kujikimu, matibabu, hayo mara nyingi yanamsubiri mwajiri wako mwenyewe apate fungu. Ukipeleka lalamiko la uhamisho kwa mtu wa pay roli anakuangalia tu.

Kingine, angalia kama hicho unachodai unastahili kweli kwa kanuni. Uhamisho wa kuomba mwenyewe hauna malipo, hilo watu hawapendi kulisikia lakini ndo lilivyo. Kukaimu nako kuna mtego, Kanuni za Kudumu za 2009 zinataka ukaimu kwa utaratibu na kisizidi kipindi cha miezi 6, sasa mtu kaambiwa kwa mdomo na mkuu wake "wewe kaa hapo kwanza", kakaa miaka minne, anadai posho ya kukaimu na hana karatasi hata moja. Kazi kafanya, kweli, lakini jaji atauliza nani alikuteua.

Hesabu yenyewe fanya kwenye karatasi moja. Tuseme mshahara wa zamani ulikuwa 716,000 na mpya 940,000, tofauti ni 224,000 kwa mwezi, zidisha miezi 17 unapata 3,808,000. Hiyo ni kabla ya makato, kodi na ile asilimia 5 ya PSSSF, mfuko wetu wa pensheni, vinakatwa humo humo, usije ukashangaa hela ikisoma pungufu ukadhani umeibiwa tena. Ambatisha slipu ya mshahara ya mwezi wa mwisho wa zamani na ya mwezi wa kwanza wa mpya, na barua ya daraja. Basi.

Tafuta "hapana" ya maandishi

Hapa ndo pa kusoma mara mbili.

Mahakama ikifanya mapitio, yaani ikikagua uamuzi wa ofisi ya serikali, haikai kama mhasibu wako. Haikokotoi malimbikizo, haisemi daraja lako lilipaswa kuwa lipi. Inaangalia kitu kimoja, yule mwenye mamlaka alipoamua, au alipokataa kuamua, alifuata sheria? Sasa kama hakuna uamuzi wowote, kuna maneno ya koridoni tu, jaji ataangalia nini? "Afisa alisema njoo mwezi ujao" sio uamuzi wa kufutwa.

Kwa hiyo andika barua. Kwenda kwa mkurugenzi au katibu mkuu au mtendaji mkuu wa taasisi, ipitie kwa mkuu wako wa kituo kama utaratibu unavyotaka, useme unadai nini, kiasi gani, kuanzia lini mpaka lini, kwa barua ipi na kanuni ipi, na uombe jibu ndani ya muda unaoutaja wewe, siku 30 inatosha. Peleka kopi mbili masijala, moja yako igongwe mhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Mhuri! Watu wanatuma wasapu kwa afisa utumishi afu wanasema nilimwandikia. Kama unapitia kwenye mfumo wa watumishi piga picha ya skrini inayoonesha tarehe na namba ya ombi.

Kwanini nasisitiza hivi, ni kwa sababu ukitaka mahakama imlazimishe mtu atekeleze wajibu wake, kitu cha kwanza utakachoulizwa ni kama ulimwomba akakataa. Mahakama Kuu iliyaweka wazi masharti hayo tangu 1986 na mpaka leo majaji wanayarudia: lazima awe na wajibu wa kisheria kulifanya hilo jambo, uwe umemtaka alifanye, awe amekataa, na usiwe na njia nyingine nzuri ya kupata haki yako. Akikaa kimya muda uliompa ukapita, barua yako yenye mhuri ndo inakuwa ushahidi kwamba amekataa. Bila hiyo una hadithi tu.

Mlango ambao lazima ugonge kwanza

Mwaka 2016 bunge liliongeza kifungu kwenye Sheria ya Utumishi wa Umma, kifungu cha 32A, kinasema mtumishi wa umma kabla hajaenda kutafuta nafuu za sheria za kazi lazima amalize kwanza nafuu zote zilizomo ndani ya sheria hiyo. Watu walidharau. Wakasema hiyo ni ya wizarani, sisi wa mashirika haituhusu. 2022 Mahakama ya Rufani ikatoa uamuzi kwenye kesi ya Shirika la Posta, ikasema hata mfanyakazi wa shirika la umma ni mtumishi wa umma na CMA haina mamlaka juu ya mgogoro wake. Kesi ile ilikuwa ya kuachishwa kazi, lakini hoja yake ndo hiyo hiyo inayowaangusha wanaodai mishahara.

(Kidokezo: ukisoma sheria kwenye Toleo la Urekebu la 2023, lililoanza kutumika Julai 2025, namba za vifungu nyingi zimehama. Usimbishie wakili kwa namba, soma maneno ya kifungu.)

Kumaliza nafuu za ndani maana yake mwajiri kwanza, akikukatalia au akikaa kimya unapanda Tume ya Utumishi wa Umma. Rufaa ina siku 45 tangu upokee uamuzi, kwa hiyo siku uliyopokea barua iandike juu ya barua yenyewe kwa kalamu, na kama kuna dispachi, lile daftari la kupokelea barua, saini kwa tarehe ya kweli, usikubali kusaini tarehe ya nyuma eti "ilikuwa hapa tangu mwezi jana". Tume ikitoa uamuzi na hukuridhika, kwenye yale mambo ambayo sheria inaruhusu, ngazi inayofuata ni Rais, na barua ya majibu huwa inakuja kupitia Ikulu kwa Katibu Mkuu Kiongozi.

Walimu nyie mna Tume ya Utumishi wa Walimu (TSC) kwa sheria ya 2015, na mna tatizo la ziada, maana daraja linashughulikiwa na Tume yenu pale wilayani lakini hela anadaiwa mkurugenzi. Nimeona mwalimu anaandikia TSC miaka miwili kuhusu malimbikizo, na TSC wanamjibu kwa adabu kwamba sisi tulishakupandisha. Wamempandisha kweli! Kama shida ni daraja andikia Tume, kama daraja lipo na shida ni malipo mwandikie mkurugenzi, kama hujui andikia wote wawili na kila mmoja apewe kopi ya mwenzie.

Huko ndani kunachosha, sikatai. Lakini kila ngazi inakupa karatasi, na hizo karatasi ndo kesi yako.

Saa ya miezi 6

Umepata uamuzi wa mwisho, na haukuridhishi. Watu husema uamuzi wa Rais ni wa mwisho, na sheria imesema hivyo, ila "wa mwisho" maana yake hakuna rufaa tena, mlango wa mapitio ya mahakama haufungwi kwa neno hilo. Katiba ibara ya 13(6)(a) inatoa haki ya kusikilizwa na ya kutafuta nafuu nyingine ya kisheria, na ibara ya 23 inaongelea ujira unaolingana na kazi.

Mapitio yapo Mahakama Kuu, kwa sheria ambayo jina lake litakuchekesha, Sheria ya Marekebisho ya Sheria kuhusu Ajali za Vifo na Mambo Mengineyo, Sura ya 310. Mambo yetu sisi yapo kwenye hayo "mengineyo". Kanuni zake ni za 2014, Tangazo la Serikali namba 324.

Unaanza kwa kuomba kibali, na kibali kinaombwa ndani ya miezi 6 tangu uamuzi utoke. Uamuzi wa tarehe 10 Machi, ukifika katikati ya Septemba hujafungua umeshakwisha. Na hapa kuna kosa ambalo limeua kesi nyingi kuliko lingine lolote nililoliona: mtu kapata barua ya kukataliwa, anaandika barua ya kuomba wafikirie tena, wanamjibu tulishakujibu, anaandika ya kukumbushia, anaenda kwa mbunge, anaenda kwa mkuu wa mkoa siku ya kero, mwaka unapita, yeye anajua anafuatilia. Barua za kukumbushia hazisimamishi saa. Mbunge hasimamishi saa. Kama unataka kuomba huruma omba, lakini huku kwingine karatasi za mahakama ziwe zinaandaliwa. Ukichelewa utahitaji kuomba kuongezewa muda, na huko utaeleza kila siku ya kuchelewa ilienda wapi, moja moja, na "nilikuwa nafuatilia" haipokelewi.

Kibali chenyewe

Unapeleka hati ya maombi chemba, maelezo na kiapo. Maelezo yanasema wewe ni nani, unaomba amri gani na kwa sababu zipi. Kiapo kinasema mambo yalivyotokea na kimebeba vielelezo vyako vyote: barua ya daraja, slipu, barua yako ya mhuri, jibu, uamuzi wa Tume. Watu wanachanganya, wanaweka hoja za kisheria kwenye kiapo na malalamiko ya moyoni kwenye maelezo, na wakili wa serikali anaomba aya zifutwe, zikifutwa kiapo kinabaki mifupa. Kwenye kiapo andika tu ulichokiona, ulichopokea, tarehe. Tangu 2021 Kiswahili ndo lugha ya mahakama kwa sheria, kwa hiyo usiogope kwamba huwezi kusoma kiapo chako mwenyewe, na kama wakili kakuandikia Kiingereza mwambie akufafanulie kila aya kabla hujala kiapo. Kufungua ni kwa mfumo wa mtandaoni wa mahakama, unalipia kwa namba ya malipo.

Kwenye hatua hii jaji hatafuti nani mkweli. Anaangalia kama kuna hoja ya kubishaniwa, kama jambo linakuhusu, kama upo ndani ya muda, kama umemaliza njia zingine. Mahakama ya Rufani ilieleza hilo Arusha kwenye Rufaa ya Madai namba 79 ya 2012, iko bure pale TanzLII, tovuti ya hukumu za mahakama, isome hata kama hutaelewa yote. Na TanzLII hiyo hiyo andika "mtumishi wa umma" au "public servant" uone wenzako walivyoangukia pingamizi la awali, yaani kesi kuondolewa kabla madai hayajasikilizwa, ni shule tosha na haina ada.

Ukipata kibali usilale, una siku 14 za kuleta maombi yenyewe. Nimesikia watu walioenda kijijini kuwaambia ndugu wameshinda, kumbe ilikuwa kibali tu.

Unaomba amri gani na kwa hoja gani

Amri zipo tatu. Ya kutengua uamuzi, ile mawakili wanaiita sashiorari. Ya kulazimisha mtu atimize wajibu, mandamasi. Na ya kuzuia, kwa mfano wakitaka kuanza kukukata kwenye mshahara hela wanayosema ulilipwa zaidi bila hata kukuuliza. Mwenye malimbikizo mara nyingi anahitaji mbili za kwanza kwa pamoja, maana ukitengua tu uamuzi wa kukukatalia bila kulazimisha, unarudi pale pale ulipokuwa kabla hawajakujibu.

Hoja zinazosimama ni za utaratibu. Hukusikilizwa, yaani walibadilisha tarehe ya daraja lako bila kukuuliza. Aliyeamua hakuwa na mamlaka. Hawakutoa sababu. Waliacha kuangalia jambo la muhimu, kama barua yao wenyewe. Na kuna ile ya matarajio halali, hii naipenda, kwamba walikupa barua yenye sahihi na mhuri, ukapanga maisha yako, ukachukua na mkopo benki, hawawezi kuigeuza kimya kimya. Mnaokumbuka 2016, serikali iliposimamisha kupandisha madaraja kupisha uhakiki wa watumishi hewa na vyeti, wengi walikaa na barua mkononi na mshahara wa zamani benki, baadaye sana ndo tukaanza kusikia neno mserereko, yaani kupandishwa kufidia muda uliopotea. Wachache kati yao walienda mahakamani, wengi walisubiri mpaka saa ikaisha.

Hoja isiyosimama ni "mshahara hautoshi" au "mwenzangu tuliyeajiriwa naye kanizidi". Mshahara uwe kiasi gani ni sera, jaji hataingia humo.

Na kama unachotaka ni hela taslimu pamoja na fidia, riba na usumbufu, mapitio sio gari lake, utaambiwa ufungue shauri la madai. Hilo lina notisi ya siku 90 kwa serikali, na tangu mabadiliko ya 2020 lazima Mwanasheria Mkuu aunganishwe hata kama unamdai halmashauri au wakala, ukimwacha kesi inaondolewa. Muulize wakili mapema lipi linakufaa, kabla hujalipa ada ya chochote. Kama huna hela ya wakili anza na chama unachokatwa ada kila mwezi, CWT, TUGHE, TALGWU, chochote kile, una haki ya kuwauliza mwanasheria wao yuko wapi. Mkiwa wengi wenye dai moja nendeni pamoja, gharama inagawanyika, ila kila mmoja aje na karatasi zake maana tarehe za barua hazifanani.

Ukishinda

Hapa watu wanachukua vuvuzela mapema. Amri ikitoka huwezi kwenda na dalali kukamata Landi Kruza ya mkurugenzi, mali ya serikali haikamatwi kwa hukumu, sheria ya mashauri dhidi ya serikali imekataza. Utaomba nakala ya amri iliyothibitishwa, uipeleke kwa mwajiri na Hazina na Wakili Mkuu wa Serikali, kila ofisi na mhuri wake, ile tabia ya mhuri iendelee. Nao wanaweza kukata rufaa Mahakama ya Rufani, na wakikata unaweza kusubiri tena.

Inaweza kuwa ndefu kweli. Wastaafu wa iliyokuwa Jumuiya ya Afrika Mashariki, zaidi ya watu 31,000, Jumuiya yao ilivunjika 1977 na makubaliano ya mahakamani yakaja kusainiwa Septemba 2005, na hata baada ya hapo tuliwaona barabarani Dar wakiwa na vikongojo wakidai kilichobaki.

Yule mwalimu wangu wa mwanzo kalipwa, lakini sio kwa mahakama. Tulimwandikia upya barua moja ya ukurasa mmoja, slipu mbili, barua ya daraja, jedwali la miezi 17, na sentensi ya mwisho ikitaja siku 30 na Tume. Ofisa mpya akaifungua, akaona kila kitu kipo, akaingiza kwenye mfumo, na baada ya miezi kadhaa tarehe 24 hela ikasoma. Ilikuwa pungufu ya 3,808,000 kwa sababu ya makato, akanipigia simu usiku huo huo anataka tufungue kesi.